Baraza Nje ya Ukuta

Fundi aliichomeka kalamu sikioni, akaitazama tena karatasi, kisha akanitazama mimi.

"Mama, hapa pana kosa. Hili benchi la saruji umelichora barabarani. Liko nje ya ukuta."

Nikamwambia si kosa.

"Nje kabisa?"

"Nje kabisa, fundi. Ukuta urudi ndani nusu mita, benchi likae mbele yake, watu wakae."

"Watu gani?"

Hapo nilishindwa kujibu. Tulikuwa tumesimama kwenye kiwanja changu Kigamboni, mchanga umetujaa viatuni, jua la saa saba linachoma. Jirani wa kushoto ana ukuta unaonizidi kimo, juu yake vipande vya chupa. Wa kulia ana geti la chuma lisilo hata tundu la kuchungulia, na mbwa ambaye sijawahi kumwona, namsikia tu akibweka. Mtaa wetu mpya una nyumba labda thelathini, na hakuna hata sehemu moja ambapo mtu mzima anaweza kukaa kitako bila kununua kitu au kudhaniwa mwizi. Fundi alikuwa na haki ya kuuliza. Watu gani, na njia yenyewe haina watu?

"Watakaa vibaka," akajijibu mwenyewe. "Utanikumbuka."

Mimi ni mtoto wa Unguja, na jibu langu ni refu. Naliandika hapa kwa sababu pale kiwanjani fundi alikuwa analipwa kwa siku.

Bibi yangu mzaa mama aliishi Mkunazini, Mji Mkongwe, katika nyumba ya ghorofa yenye wapangaji chini na yeye juu. Mbele ya nyumba, kulia na kushoto mwa mlango, palikuwa na baraza: kiti kirefu cha mawe kilichoshikana na ukuta, kimo chake gotini, upana wake unamtosha mtu kukaa na bado pakabaki pa kuweka kikombe. Kilikuwa kimesakafiwa, na ukingo wake umelika mpaka umekuwa laini kama sabuni iliyotumika. Pembe moja ilikuwa imebonyea. Kila aliyepita na kisu butu alikinoa pale, miaka nenda miaka rudi, mpaka jiwe likafanya mdomo. Karibu na mlango kulikuwa na doa jeusi la duara lisilotoka hata ukuta ulipopakwa chokaa upya. Hapo ndipo muuza kahawa alipokuwa akiweka dele lake.

Alikuja baada ya alasiri. Ulimsikia kabla hujamwona, kwa vile vikombe vidogo visivyo na mkono alivyokuwa akivigonganisha kiganjani, mlio unakata kona kabla yake. Mkono mmoja dele na makaa yake, mkono wa pili ndoo ya kuoshea vikombe, kashata ndani ya kopo. Akishaweka dele chini, baraza inajaa. Wazee wa mtaa, fundi cherehani, kijana wa duka la vitenge, na mtu aliyekuwa anapita kwenda zake akavutwa na harufu. Dhumna zinapigwa ubaoni kana kwamba zina makosa. Nani kaposa, nani kafiwa, karafuu bei gani, mpira, siasa, tena siasa. Hakuna aliyealikwa wala aliyelipa kiingilio, na aliyenyamaza saa nzima hakuulizwa kwa nini kanyamaza.

Bibi hakukaa pale. Baraza ile ilikuwa ya wanaume, na sitajifanya kwamba hilo lilikuwa jambo zuri. Lakini kwa namna yake aliimiliki kuliko wao wote. Dirisha la chumba chake lilikuwa juu yake moja kwa moja. Alikaa nyuma ya mbao za dirisha anachambua mchele, anaona kofia na vipara tu, na anasikia kila kitu. Mazungumzo yakivuka mpaka wa adabu, au dhumna zikiendelea baada ya saa tano usiku, alikuwa hasemi neno. Anachota kata ya maji, anamwaga. Chini inasikika, "Astaghfirullahi! Tuwie radhi, Bi Mkubwa!" na ubao unahamia nyumba ya pili.

Ilinichukua miaka kuelewa kwamba baraza ile haikutokana na ukarimu peke yake. Nyumba ya Mji Mkongwe imejifunga. Kuta zake za mawe ya matumbawe na chokaa ni nene kiasi kwamba nikiwa mdogo nilikuwa najikunja ndani ya unene wa dirisha nikalala. Vyumba ni vyembamba na virefu, kwa sababu dari hubebwa na boriti za mikoko, na boriti haiendi mbali: mita mbili na nusu, tatu ukibahatika. Mti ndio ulioamua upana wa chumba, mwenye nyumba akafuata. Kutoka njiani huoni kitu. Hata mlango ukiwa wazi, njia ya kuingilia imepindishwa makusudi ili jicho la mpita njia ligonge ukuta lisifike uani. Sitara ya watu wa ndani ndiyo iliyoichora nyumba.

Sasa mgeni wa kiume asiye ndugu atapokelewa wapi? Nje. Baraza ndiyo chumba cha wageni, ila kimewekwa upande wa pili wa ukuta, na kwa kuwa kiko njiani hakina mlango wa kumzuia mtu. Leo kakaa mgeni wa mwenye nyumba, kesho kakaa mchukuzi aliyechoka, na wote wawili wanakaa kwa haki ile ile.

Hapo naona akili ya wale waashi. Nyumba ni bahili ndani, mkarimu nje. Imeuchukulia mtaa kila kitu, imekataa kuonekana, imekataa kuingiliwa, halafu inalipa kwa kutoa kiti na kivuli. Nyumba zetu za sasa zimebaki na ule ubahili tu. Watu hunung'unika kwamba kuta ndefu zimeua mitaa ya Dar es Salaam. Mimi sidhani kosa ni la ukuta. Mji Mkongwe ni kuta tupu, na mitaa yake ina watu mpaka usiku. Tatizo ni ukuta usiotoa kitu.

Tena lugha yetu ililitambua hili zamani. Neno la kile kiti cha mawe ndilo hilo hilo la watu wazima wanaokutana kuamua jambo. Zanzibar ina Baraza la Wawakilishi tangu 1980, serikali ina Baraza la Mawaziri, sikukuu tuna Baraza la Idi, na Kenya chifu akiwaita raia wake, ule mkutano ni baraza. Masultani wa Unguja nao walikuwa na baraza zao, mtu anakwenda na shida yake asikilizwe. Ukipenda, dola nzima imekalishwa kwenye kiti cha mbele ya nyumba. Mbunge akisimama kuhutubia, kwa Kiswahili yuko pale pale alipokuwa babu yake, ila kahawa yake inalipiwa na serikali.

Na kiti chenyewe kina kazi nyingine ambazo mchoraji wa kompyuta hazioni. Vichochoro ni vyembamba na nyumba ni ndefu, kwa hiyo jua hugusa chini kwa muda mfupi tu. Kila baraza ina saa zake. Ya upande huu ni ya asubuhi, ya upande ule ni ya jioni, na wazee huhama na kivuli bila kuangalia saa. Masika mvua inapopiga na kichochoro kikageuka mto, baraza ndiyo njia: unatoka baraza hadi baraza, kanzu umeikunja, kama mtu anayevuka mto juu ya mawe.

Rafiki yangu mmoja mgeni, aliyezoea miji ya Italia, aliniuliza siku ya kwanza: uwanja mkuu wa mji uko wapi? Nilimpeleka Jaws Corner. Akaangalia, akasema, "Hii ni njia panda." Kweli. Ni vichochoro kadhaa vilivyokutana vikaacha nafasi ya ukubwa wa sebule, baraza zimeizunguka, papa kachorwa ukutani, na simu imebandikwa na maandishi kwamba unaweza kupiga nchi za nje bure. Simu haiendi popote, ni mzaha wa wenyeji. Lakini keti pale jioni na kikombe cha kahawa, utajua kwa nini wanasiasa wamekuwa wakiiogopa ile njia panda kuliko ukumbi wowote. Hakuna aliyechora uwanja. Watu walikaa, ukawa.

Sehemu zilizo wazi kweli katika Mji Mkongwe zina historia nzito zaidi. Tarehe 27 Agosti 1896 manowari za Waingereza ziliupiga mji mizinga kwa muda usiofika saa moja, vita vinavyotajwa kuwa vifupi kuliko vyote duniani. Beit al-Hukm, moja ya majumba ya kifalme mbele ya bahari, liliharibiwa na halikujengwa tena. Bustani iliyoko kati ya Beit el Ajaib na jumba la kifalme ni pengo la jino lililong'olewa siku ile. Watoto wanacheza pale. Mara nyingi mji hupata nafasi ya kupumua kwa njia ambazo hakuna angeziomba.

Beit el Ajaib yenyewe, iliyojengwa na Sayyid Barghash mwaka 1883, ilivumilia mizinga ile, ikavumilia utawala baada ya utawala, halafu tarehe 25 Desemba 2020 upande wake mmoja ukaporomoka na kuua watu wawili. Nilipopata habari, kabla ya roshani na nguzo zake maarufu, nilikumbuka ngazi za mbele. Tulikuwa tunakaa pale tukitoka skuli, mikoba magotini. Jumba kubwa kuliko yote ya Mji Mkongwe, na sisi tulilijua kwa ngazi zake.

Ng'ambo ya barabara ndiyo Forodhani, na hapa nitakaa kidogo, kwa sababu hii ndiyo baraza ya kwanza niliyokalia mimi.

Jina linatokana na forodha, maana bidhaa zilishushwa hapo kabla bandari haijahamia Malindi. Mwaka 1936 ikafanywa bustani ya jubilei ya miaka 25 ya utawala wa Sayyid Khalifa bin Haroub. Mwaka 2009 ikafunguliwa upya baada ya matengenezo yaliyofanywa na Aga Khan Trust for Culture. Naikumbuka ya kabla: moshi wa mishkaki, karabai zinavuma, vumbi, matope, takataka zinaelea pembezoni mwa ukuta wa bahari. Walipoifunga kwa matengenezo nilikuwa mmoja wa waliosema sasa watatutoa, itakuwa ya watalii. Ilipofunguliwa nikaenda kuthibitisha ubaya wake. Nikaona njia zimetandikwa mawe, taa, miti ya zamani imeachwa, na ukuta wa bahari bado ni mpana wa kukalia. Nikanunua urojo nikakaa. Watalii wapo, ni kweli, na mwuzaji wa pweza humwambia mtalii bei nyingine kabisa. Lakini ukitaka kujua bustani ni ya nani, nenda usiku wa Idi, utazame ni nani kapanda mabegani mwa nani.

Nasema ndiyo baraza yangu ya kwanza kwa sababu mwanamke hakuhitaji kisingizio kukaa Forodhani. Kichochoroni, mbele ya baraza ya wanaume, nilipita haraka macho chini, shikamoo, shikamoo, shikamoo, kama mtu anayelipa ushuru kila hatua. Ng'ambo, ile mitaa iliyo nje ya Mji Mkongwe, kina mama walikaa mbele ya nyumba zao jioni wakisuka ukili na kusukana nywele. Mjini, la. Lakini Forodhani baada ya magharibi mama yangu alivaa buibui lake, akatuchukua watoto na shangazi wawili, akatandaza kanga juu ya ukuta wa bahari na kukaa saa tatu. Alikula mhogo na kachori. Alicheka kwa sauti. Vijana wa makachu walikuwa wanapiga mbio na kujitupa baharini kwa mitindo, mmoja anajikunja, mwingine ananyooka kama samaki, na mama yangu, mwalimu wa skuli, mtu wa nidhamu, alikuwa anawapa alama. "Huyo sita. Huyo kaharibu mwisho, nne." Sijawahi kumwona hivyo nyumbani.

Nimesoma watu wanaoandika kwamba baraza ni demokrasia ya Waswahili. Basi iwe demokrasia ya nusu ya Waswahili. Mahali wazi, penye mwanga, penye vyakula na watoto, ndipo nusu ya pili ilipopata kiti.

Nyumbani kwetu hasa hakukuwa Mkunazini. Kwa bibi nilikwenda wikiendi na likizo. Kwetu ni Michenzani, yale majumba marefu kama treni zilizosimama Ng'ambo, yakiandamana na barabara mbili pana zinazokatana. Baada ya Mapinduzi ya 1964 Mzee Karume aliamua kwamba mtu wa Ng'ambo naye aishi ghorofani, kwa mpango uliochorwa na Wajerumani wa Mashariki. Nyumba za udongo na makuti zilibomolewa kupisha. Aliuawa tarehe 7 Aprili 1972 majumba hayajakwisha.

Ni rahisi leo kuyacheka, na wageni wengi huyapiga picha kama kituko. Mama yangu hakuruhusu. Yeye alizaliwa katika nyumba ambayo choo kilikuwa shimo uani na maji yalitoka bomba la mtaa, na alipopewa mlango wenye ufunguo, jiko lenye bomba na choo cha ndani, hakuna mchoraji majengo wa dunia angeweza kumwambia kwamba ile nyumba ni mbaya. Hiyo ndiyo haki yake na naiheshimu.

Lakini tuliishi juu, na maji yalipokosa nguvu ya kupanda tuliyafuata chini kwa ndoo. Ndoo ishirini za siku ya kufua, ngazi zile zile. Na chini ya jumba hapakuwa na kitu. Mchoraji alikuwa ameweka ukuta, nyasi na barabara. Barabara yenyewe pana kiasi kwamba huwezi kumsalimia mtu wa upande wa pili bila kupiga kelele, na kumsalimia mkubwa kwa kupiga kelele ni utovu wa adabu. Basi mtu humsalimii. Kichochoro cha Mkunazini kilinilazimisha shikamoo kumi kwa kila hatua kumi, na nilikichukia. Michenzani ningeweza kutoka nyumbani hadi skuli bila kusema neno, na ilinichukua muda kugundua kwamba hilo nalo ni upungufu.

Watu wakajitengenezea wenyewe. Kwanza mbao mbili juu ya matofali chini ya mti. Halafu paa la bati. Halafu kina mama wakashika ngazi: kila kituo cha ngazi kikawa baraza, mmoja anasuka, mwingine anachambua mboga, anayepanda na ndoo anaombwa samahani anapitishwa. Vijana wakawa na maskani zao, na maskani ikapata jina, bendera, ubao. Maskani ya Kisonge, pale pale Michenzani, ilijulikana nchi nzima kwa ubao wake ulioandikwa maneno ya kuwachoma wapinzani wa CCM, na watu walipita asubuhi kuusoma kama wanavyosoma gazeti. Jaws Corner nako waliambiana yao, kinyume chake.

Naandika hili kwa sababu sitaki msomaji adhani ninauza baraza kama dawa. Tangu uchaguzi wa vyama vingi wa 1995, kwa miaka kumi na tano, kukaa baraza fulani kulikuwa sawa na kutangaza kura yako. Nilijua wanaume wawili, marafiki tangu chuoni, walioacha kunywa kahawa pamoja kwa sababu mmoja alikaa huku na mwingine kule. Watu waligomeana maduka, waligomeana hata mazishi. Kiti kile kile kinachomkaribisha mpita njia kinaweza kumwonyesha mgongo. Baada ya maridhiano na kura ya maoni ya Julai 2010 mambo yalipoa, na wale wawili nikawaona tena kwenye baraza moja. Hawakuzungumza sana. Walicheza dhumna.

Dar es Salaam niliijia kikazi nikidhani nitakuta mji usio na baraza. Nilikosea. Nyumba ya zamani ya Kariakoo, Ilala au Magomeni, ile ya vyumba sita, ukumbi katikati na uani nyuma, ina baraza yake mbele, imeezekwa bati, na ndipo mpangaji aliye na chumba kimoja na watoto wanne alipopata sebule. Nilipanga nyumba kama hiyo miaka miwili. Chumba kilikuwa kidogo kiasi kwamba kitanda kilifungia mlango usifunguke wote, lakini sikuwahi kujiona nabanwa, kwa sababu jioni nilikuwa nje pamoja na wenzangu. Nyumba ile imeshabomolewa. Palipokuwa na baraza pana fremu za maduka, juu yake ghorofa, na ghorofa zile hazina hata ngazi ya kukalia, mlinzi anakunyanyua.

Na Mnazi Mmoja, Dar kama Unguja, ni uwazi ambao wakoloni waliulinda kutenganisha mtaa wa watu weusi na mitaa mingine. Uliwekwa ili watu wasikutane. Leo ukipita Mnazi Mmoja ya Unguja sikukuu, huwezi kutia mguu kwa watu. Wenyeji hawakuomba ruhusa kubadilisha matumizi.

Yuko mmoja katika wachoraji wetu ambaye namwona alielewa: Beda Amuli, aliyelichora Soko la Kariakoo lililofunguliwa 1975. Wengi hupita chini ya zile paa za zege zilizofunuka kama miavuli na hawaangalii juu. Angalia. Ni miti. Soko letu tangu asili liko chini ya mti, na yeye alipopewa saruji akatengeneza kivuli cha miti mingi iliyogusana, yenye kukusanya na maji ya mvua. Moto uliunguza soko Julai 2021, na nilipokwenda baadaye kuchungulia kupitia mabati ya uzio, miavuli ilikuwa bado imesimama.

Baraza yangu ilikamilika mwezi wa Februari. Fundi aliimwagia zege kwa shingo upande, na akaniomba angalau aiwekee mteremko kidogo watu wasilale. Nilikataa mteremko. Sakafu nyekundu, ukingo nikamwambia auvunje pembe kwa mwiko uwe wa duara, usiume paja. Jirani wa kushoto alisimama getini kwake akatazama, akasema, "Shoga, utakusanya mitume na manabii hapo."

Wiki ya kwanza hakukaa mtu. Watu walipita wakaitazama kama mtego. Wiki ya pili alikaa mama mmoja anayeuza vitumbua, akaweka ndoo yake pembeni, akaondoka haraka aliponiona natoka; nilimrudisha mimi mwenyewe. Kisha bodaboda wawili, kisha watano. Hapo pakaanza kasheshe. Muziki. Maganda ya miwa. Siku moja nimekuta mtu katapika, nikapiga maji na sabuni nikimlaani bibi yangu kwa upendo. Jirani wa kulia alituma ujumbe mrefu kwenye kundi la mtaa kuhusu usalama. Mjumbe wa mtaa akaja kuniuliza kwa upole kama ninafikiria kuweka nondo. Alipokuwa ananiuliza alikuwa amekaa, pamoja na daftari lake, na alikaa mpaka adhana ya alasiri.

Wanaume ndio wengi bado. Sijalitatua hilo. Jumamosi asubuhi mama wa vitumbua na wenzake wawili huikalia yote kwa makusudi, na bodaboda hukaa juu ya pikipiki zao wakisubiri.

Juzi usiku, kama saa tano, nilisikia sauti zao zimepanda nje ya ukuta. Nikaenda jikoni, nikachota kata ya maji, nikatoka uani taratibu bila viatu. Ukuta nimeujenga mfupi, maji yangepita vizuri. Nikasimama kusikiliza kama wamevuka mpaka. Walikuwa wanabishana bei ya saruji, na mmoja wao, sauti yake naijua, alikuwa anawaeleza wenzake kwamba mama wa nyumba hii alipunjwa na fundi, mifuko minne nzima.

Nikaiweka kata chini, nikasogea karibu na ukuta.